Mbuzi wa Mjomba na Pilau ya Bi Mwanaidi

Majengo, Moshi

Ndeshi mwanangu,

Sanduku lako nimeshalifunga kwa kamba ya katani na sina nia ya kulifungua tena, kwa hiyo kama kuna kitu umesahau, basi kimesahaulika. Mambo ya sabuni, ya nguo na ya namna ya kukaa kwenye nyumba ya watu nimekuimbia tangu ukiwa mdogo, sitayarudia hapa. Sasa ni saa nane mchana. Wewe uko Marangu unamuaga bibi yako, na namjua mama yangu, hatakuruhusu uondoke kabla hujamaliza sahani mbili za kiburu cha ndizi na maharage na kusikiliza habari za ng'ombe wake mmoja mmoja. Nina saa kama tatu za kuandika. Nikisema nikungoje nikuambie kwa mdomo nitaanza utani, wewe utacheka, na kesho asubuhi utapanda basi la Tanga bila kusikia jambo ambalo nimelikalia miaka kumi.

Jambo lenyewe ni ile nyama. Unaijua. Siku ile hukusema uongo, Ndeshi. Mimi ndiye niliyesema uongo.

Nimeliandika mapema ili nisipate nafasi ya kuzunguka. Sasa nitakueleza yote tangu mwanzo, kwa sababu kazi yangu ni kuongoza watu njiani na sipendi mtu aachwe kwenye kona.

Ulikuwa na miaka minne baba yako alipofariki. Alikuwa mwongoza wageni mlimani, unajua hilo, na alikuwa hodari. Kahawa nayo ilikuwa imeanza kutuchezea. Zilikuwa siku walizosema soko sasa ni huria, wanunuzi wa kila aina wakaja na mizani zao hadi mlangoni, na mkulima akabaki pale pale alipokuwa. Baada ya matanga baba zako wadogo waliniketisha. Wakaniambia nibaki kihambani, kwenye shamba la nyumbani, nitunze migomba na kahawa ya ukoo, nisikilize nitakachoambiwa. Waliyasema kwa upole, siwasingizii. Lakini nilikuwa nimeshawaona wajane waliobaki wakasikiliza, na sikuona hata mmoja aliyeulizwa anataka nini. Nikakubeba mgongoni, nikachukua sufuria mbili na blanketi, nikashuka mjini kupanga chumba Majengo.

Walituma mtu. Wakasema nirudi na isale. Wewe umekulia mjini lakini hili unalifahamu: kwetu ukimkosea mtu unachukua jani la isale, ule mmea tunaopanda mpakani mwa kihamba, unampelekea, na yeye kwa mila hana ruhusa ya kukataa. Anasamehe, yamekwisha. Nilimwambia yule mjumbe awaambie kwamba sijamkosea mtu, na tena isale haioti Majengo. Akaondoka ameshika kichwa. Hadi leo sijawapelekea, na sitawapelekea. Kama kuna kitu kimoja ambacho sikijutii katika maisha yangu ni ile safari ya kushuka na wewe mgongoni.

Ila kuhusu isale kutoota Majengo, nilidanganya. Lile pambo lililo kwenye debe karibu na bomba uani, unalolimwagia maji kila jioni, ndilo lenyewe. Bibi yako alinipa kipande mwaka ule ule, akaniambia, chukua, mtu mkaidi atalihitaji siku moja. Nilikasirika, lakini nililipanda.

Bi Mwanaidi ndiye aliyetupokea hapa. Tulikuwa na siku tatu tu kwenye chumba chetu alipovuka barabara na kunikuta nimekaa kizingitini sijui nianzie wapi. Hakuniuliza kabila wala dini. Alinivuta hadi barazani kwake akanipa kahawa chungu kwenye kikombe kidogo na kipande cha kashata. Sikiliza ajabu hii: nilizaliwa katikati ya mibuni, nimechuma kahawa tangu sijaota meno ya pili, nimeimenya, nimeianika, nimeibeba kichwani, na sikuwa nimewahi kuinywa. Kwetu tuliiuza yote tukanywa chai. Kikombe changu cha kwanza nilikinywea kwa Mwislamu wa Majengo ambaye watu wake walitokea Tanga na hajawahi kumiliki hata mbuni mmoja. Nilikunja uso, akacheka hadi akashika ukuta.

Nadhani matembezi yangu ya kuwaonjesha wageni vyakula yalianza pale, ingawa sikujua. Nilikuwa nafua mashuka kwenye nyumba ya wageni moja mjini. Wageni wa mlima walikuwa wakikaa siku moja au mbili wakingoja kupanda, hawana la kufanya, wanazunguka wanaulizia posta. Mmoja alikuwa mama mtu mzima ambaye goti lilimkataa, wenzake wakapanda, yeye akabaki analia kwenye kiti cha uani. Nikamwambia kwa Kiingereza changu cha shuleni: mlima hauliwi, njoo nikuonyeshe kinacholiwa. Nilimtembeza Majengo nzima kwa mwendo wa goti lake. Aliporudi aliwaambia wenzake, na wenzake wakawaambia wengine, na baada ya mwaka mmoja nikaacha kufua mashuka.

Njia yenyewe unaijua hata ukiwa umefumba macho. Tulianzia dukani kwa Mhindi wa viungo, yule mzee aliyefungua madebe yake moja moja akawanusisha wageni iliki, bizari na mdalasini huku akiwauliza maswali kama mwalimu. Kutoka pale tulikwenda uani kwa mama wa Kipare kuonja makande, kisha bajia za pale kwenye njia panda, kisha chai ya maziwa kwa Wasomali. Barazani kwa wazee tulikunywa kahawa, na nikawaambia wageni imetoka wapi, nikawaonyesha mlima kama ulikuwa umejitokeza. Mchana tulikula pilau kwa Bi Mwanaidi. Mbege niliiweka mwisho kabisa, nyuma ya uzio wa yule mama Mkibosho, ili mtu yeyote asiingie kwa Bi Mwanaidi na harufu ya pombe mdomoni. Unaona nilivyokuwa makini. Nilikuwa makini kwa kila kitu.

Walinicheka, Ndeshi, na nataka ujue walivyonicheka ili usije ukadhani kuchekwa kunaua. Wale waliokuwa wakipanda na baba yako walinikuta kwenye kona ya msikiti na wazungu watano nyuma yangu, kila mmoja ameshika kitumbua kwa vidole viwili kama ushahidi wa kesi. Mmoja akasema kwa sauti nisikie kwamba mjane wa marehemu ameanzisha mlima wa maandazi. Nilimwambia angalau kwenye mlima wangu hakuna mtu anayeshushwa kwa machela. Bwana mmoja wa ofisi fulani ya mjini naye aliniita. Akaniambia Majengo si mahali pa kupeleka wageni, kuna mitaro, kuna nzi, nitawapa kipindupindu nichafue jina la mji, nikome mara moja. Nilimuuliza yeye chakula cha mchana anakula wapi. Akainama kwenye makaratasi yake, kwa sababu sote wawili tulijua kwamba jana yake nilimkuta uani kwa yule mama wa Kipare, anaomba aongezewe makande. Kibali nilikipata kabla ya mwezi kwisha.

Kitu kimoja nilikitoa kihambani nikakitia katika kazi hii, na ndicho kilichokuja kunihukumu. Kwetu anayemkaribisha mtu mbege huonja kwanza. Anapiga funda mbele yake ndipo anampa kata, ili mgeni ajue hakuna kitu kibaya ndani. Mimi nilifanya hivyo kwa kila chakula, kila kituo. Kitumbua, chai, makande, pilau, nilionja kwanza mimi, wageni wakitazama, nikasema karibuni. Niliwaeleza maana yake, wakapenda sana, wengine wakaandika kwenye vidaftari vyao. Hata Bi Mwanaidi alipenda. Alikuwa akisema Mama Ndeshi akionja, hata mimi niliyepika naamini kimeiva.

Sasa nije kwenye siku yenyewe. Ulikuwa na miaka tisa. Tulipanda Marangu kula Krismasi kama Wachagga wote wanavyofanya, hata wale ambao mwaka mzima hawajulikani walipo. Mjomba wako Eliasafi alichinja mbuzi, yule beberu mwenye doa jeupe, na wewe ulishika kamba ukiwa umegeuza uso. Pale nyumbani, kama kuna rafiki Mwislamu anatarajiwa, huitwa mtu wa kwao achinje, ili watu wote wale sufuria moja. Bibi yako ni Mlutheri wa kuimba kwaya na hajawahi kulikosa hilo hata siku moja. Mwaka ule hatukutarajia mtu, kwa hiyo mjomba alichinja mwenyewe, akakinga damu ya kupikia supu ya kisusio, nami nikapewa paja kama fungu langu la kuja nalo mjini.

Tulishuka siku mbili baadaye, paja likiwa kwenye kikapu chini ya majani ya mgomba. Nilikuwa na wageni sita siku ile. Nilipita buchani kuchukua nyama ya pilau kama kawaida, maana makubaliano yetu na Bi Mwanaidi yalikuwa nyama naleta mimi, mchele na mkono ni wake. Nikakuta ndoano tupu. Mwisho wa mwaka mji unajaa watu kutoka Dar na Arusha na Nairobi, nyama inaisha mapema. Nikakimbilia bucha ya pili, nayo tupu. Wageni walikuwa wananingoja dukani kwa Mhindi, na harufu ya vitunguu vya Bi Mwanaidi ilikuwa imeshafika barabarani.

Ningeweza kumwambia, dada, leo hakuna nyama. Angepika pilau ya njegere, wageni wasingejua tofauti, na tungeishi. Kiburi kilinikataza. Wiki moja kabla nilikuwa nimewatambia wale wapanda mlima kwamba mimi sijawahi kumnyima mgeni kitu nilichomwahidi, na niliona nyuso zao wakisikia kwamba Mama Ndeshi ameishiwa. Ukaidi ule ule ulionishusha kutoka kihambani ndio uliotia mkono wangu ndani ya kikapu. Sijui nikuambie nini kuhusu hilo. Nimeufikiria miaka kumi na bado naupenda ukaidi wangu.

Nikamkabidhi paja. Alikuwa ameinama kwenye sufuria, akauliza tu kama mtu anavyouliza habari za asubuhi.

"Umeipata wapi leo?"

"Pale pale," nikamwambia.

Mchana tuliketi mkekani. Mwalimu Shabani, baba yake Bi Mwanaidi, alikaa na wageni kama alivyopenda, yule mzee aliyesomesha Kurani watoto wa mtaa mzima, akiwaonyesha namna ya kula kwa mkono wa kulia bila kumwaga. Nilichukua tonge, nikaonja kwanza, nikasema karibuni. Mzee akapiga bismillahi akala. Alikula vizuri siku ile, nakumbuka, akasifu nyama kuwa laini.

Wewe ulikuwa kwenye sinia la watoto. Ukasema kwa sauti yako ile ya kuimba, bila ubaya wowote, ukijivuna kidogo mbele ya wenzako: "Huyu ni mbuzi wa mjomba. Kamba nilishika mimi."

Wageni hawakuelewa, waliendelea kula. Lakini Bi Mwanaidi aliinua uso akanitazama, na mkono wa mzee ukasimama juu ya sinia. Wote wawili walikuwa wananingoja mimi. Nilikuwa na nafasi ya kusema. Ilikuwa nafasi ndefu, Ndeshi, usiniambie haikuwepo. Nikacheka. Nikasema msimsikilize huyu, ana tabia ya uongo, akiona nyama popote ni ya mjomba wake.

Wakaniamini mimi. Mtoto akisema na mama yake akakanusha, anaaminiwa mama. Mkono wa mzee ukashuka ukachota tena, na mimi nikala tonge jingine ili waone.

Ningeishia hapo ingekuwa nusu ya kosa. Lakini niliogopa utarudia, kwa hiyo jioni nilikushika mkono nikakuvusha barabara ukaombe radhi. Mlangoni uliniangalia mara moja. Uliingia, ukapiga magoti, ukasema shikamoo, ukasema nisamehe mama, nilidanganya. Mimi nilikuwa nimesimama nyuma yako. Bi Mwanaidi alikuinua akakupa kashata. Hukuila. Uliiweka dirishani kwetu, na sisimizi waliimaliza kwa siku mbili, na kila nilipopita nikijifanya nafagia niliwaona.

Unajua kilichofuata? Huenda hujui, kwa sababu kimekuwa sehemu ya mwili wako. Tangu siku ile ukiulizwa kitu mbele za watu unanitazama kwanza. Mwalimu akikuuliza umesoma ukurasa gani, unanitafuta. Daktari akikuuliza wapi panauma, unanitafuta. Mwezi uliopita, ukiwa msichana wa miaka kumi na tisa, mchungaji alikuuliza jina la chuo unachokwenda, na macho yako yakanijia kabla ya jibu. Watu husema una adabu. Mimi najua ni nini na ni nani aliyekifanya.

Na Mwalimu Shabani, Mungu amrehemu. Unakumbuka alivyokuwa akikuita ukipita, anakupa tende moja, anakuambia mwanangu, ulimi ni mdogo lakini unazaa? Alidhani anakusaidia. Miaka minane alikupa tende na maneno yale, na wewe ukapokea kwa mikono miwili ukasema ahsante babu. Alipofariki ulilia kuliko wajukuu zake. Nilikaa pembeni kwenye mkeka wa msiba na sikuweza kukugusa.

Utaniuliza kwa nini sikusema. Siku ya kwanza niliogopa kumpoteza Bi Mwanaidi, na pilau yake ndiyo iliyokuwa kilele cha njia yangu. Mwezi wa pili nilijiambia yamepita. Mwaka wa tatu, na hili ndilo linaloniaibisha kuliko yote, nilianza kujiambia kwamba labda kweli ulikuwa mtoto mwenye maneno maneno. Mtu anaweza kufika huko. Nimefika, nimekaa, nakuambia kupo.

Halafu ukapata nafasi ya uuguzi Tanga, na kabla sijauliza hata bei ya chumba, Bi Mwanaidi akavuka barabara. Akasema mtoto hawezi kupanga chumba Tanga wakati mdogo wake Saumu ana nyumba, utakaa kule, utakula kule, yamekwisha. Nilimshukuru sana. Jumapili iliyopita tulikuwa barazani tunakunywa kahawa, akaniambia kwa nia njema kabisa: "Nimemwambia Saumu amwangalie kidogo, maana utotoni alikuwa na uongo uongo. Lakini amekua, atamzoea."

Kwa hiyo jina hilo limekutangulia Tanga. Wewe bado hujafika, na tayari kuna mtu anafunga kabati kwa sababu yangu. Kubeba uongo wangu hapa Majengo nilikuwa nimekuzoesha, Mungu anisamehe, lakini kuupakia kwenye basi pamoja na sanduku lako, hapana. Nilijua pia kwamba nikisema unaweza kukosa mahali pa kulala. Siku tatu nimezunguka na hilo.

Leo asubuhi, ulipokwisha kuondoka kwenda Marangu, nilikwenda kwenye lile debe nikakata jani. Mimi, niliyemcheka mjumbe wa ukoo. Nikavuka barabara nimelishika mkononi mchana kweupe, Wachagga wawili wenye mkokoteni wa ndizi wakaniona wakajua naenda kufanya nini, na nikawaacha wanione.

Bi Mwanaidi alikuwa anachambua mchele uani. Nilimwambia nikiwa nimesimama. Sikumwambia habari ya bucha tupu hadi mwisho, kwa sababu nilitaka asikie kosa kabla ya kisingizio. Nilimwambia nyama ilikuwa ya mbuzi wa kaka yangu, alichinja mwenyewe, nilijua, nikamdanganya kwamba ni ya pale pale, na mtoto alisema kweli. Aliendelea kuchambua, jiwe moja, jingine, hadi mchele wa kwenye ungo ukawa safi na bado vidole vyake vinatafuta.

Kisha akasema, "Baba yangu alikufa akimwombea mtoto wako aache uongo."

Nilinyoosha lile jani. Alilitazama tu.

"Hilo jani lenu mimi silijui," akasema. "Tulikula bila kujua, na Mungu anajua hivyo. Aliyejua ni wewe. Ulionja kwanza, Mama Ndeshi. Mbele ya baba yangu."

Nikaushusha mkono wenye jani.

Akainuka, akajitanda kanga, akaniambia mambo mawili. La kwanza, anakwenda mjini sasa hivi kumpigia simu Saumu, kumwambia mtoto anayekuja ndiye mtu pekee aliyesema kweli jikoni kwake siku ile, na asifungiwe kabati lolote. La pili, mimi nisiingie tena jikoni mwake. Nilimwona akipita kuelekea mjini kabla hata sijafika kwenye mlango wangu, anatembea haraka kama mtu anayewahi kitu. Amesharudi. Hajageuza uso upande huu.

Sikumbembeleza, na wewe usimbembeleze kwa niaba yangu. Ana haki yake. Kesho atakuja kukusindikiza hadi kituo cha basi, ameshatuma mtoto wake kuniambia, na nitabeba sanduku upande mmoja naye upande mwingine, na tutanyamaza. Ninampenda yule mwanamke. Nitazeeka mbele ya mlango wake nikingoja, na kama hautafunguka, nitakuwa nimeujua kwa nje.

Lakini njia yangu siiachi. Nisikilize vizuri hapo, maana najua watu wa mjini hapa, habari hii itavuka barabara zote kabla ya Ijumaa, na wale wa mlima wa maandazi watasema sasa basi, amekwisha. Sijakwisha. Jumamosi nina wageni wanne. Tutanusa iliki kwa Mhindi, tutakula makande, tutakunywa kahawa. Tukifika mbele ya mlango wa kijani wa Bi Mwanaidi tutasimama, harufu ya pilau itatoka, na watauliza kwa nini hatuingii. Nitawaambia kwa nini. Nitawaambia kwa Kiingereza changu kibovu, na kama kuna Mswahili anapita asikie, nitarudia kwa Kiswahili. Nitafanya hivyo kila wiki hadi nichoke miguu. Kama hawatarudi, wasirudi.

Sasa wewe. Ukifika Tanga, Bi Saumu atakupakulia. Kula. Usile kwa aibu kama mtu aliyeombewa nafasi. Umekaribishwa kwa jina lako mwenyewe, la msema kweli, ulilolipata ukiwa na miaka tisa mbele ya sinia la pilau, na mimi ndiye niliyekunyang'anya. Usiniambie pole kwa mlango niliofungiwa. Na ukaidi wangu, ambao unao, nimeuona, usiuache Moshi, uchukue wote. Ila siku ukikuta unautumia kumnyamazisha aliye mdogo kuliko wewe, ujue umeushika kwa upande wa makali.

Lile jani alilolikataa nimelikunja ndani ya barua hii. Ni lako. Lilipaswa kuja kwako kwanza kabla ya Bi Mwanaidi, na hata hilo nimelijua nikiwa njiani kurudi, nimelishika mkononi. Mila inasema aliyeletewa isale hawezi kukataa, lakini mama yako hajawahi kutii mila nzima, sitakulazimisha wewe uitii. Likae kwako hadi ujue unataka nini. Ukisamehe, lihifadhi. Ukikataa, usilitupe huko njiani. Panda basi urudi nalo, unirudishie kwa mkono wako pale barazani, wazee wakiwa na kahawa zao na Bi Mwanaidi akiwa mlangoni kwake, uniambie mama, sijakusamehe. Useme kwa sauti, ile ya kuimba. Na usinitazame kwanza.

Mama yako,
Mama Ndeshi